Nyamapori ya Kuchoma na Mboga za Moto Mkali

Katika mazungumzo yetu ya leo tunaingia jikoni. Tutaeleza namna ya kuchoma nyamapori iliyolowekwa viungo, na namna ya kukaanga mboga upesi upesi kama wafanyavyo Wachina. Labda utauliza: mapishi na kilimo vinahusiana vipi? Vinahusiana sana. Mboga ni jasho lako, na nyama umeinunua kwa fedha yako. Ukipika vibaya, nyama inakuwa kama kamba ya katani, na nguvu ya mboga inamwagwa na maji. Tena nyamapori isiyojulikana ilikotoka inaweza kuleta maradhi nyumbani na hata bandani.

Kwanza, nyama yenyewe. Hapa Tanzania, Sheria ya Kuhifadhi Wanyamapori ya mwaka 2009 inakataza kuwinda au kukutwa na nyamapori bila kibali. Kanuni za mwaka 2020 ziliweka utaratibu wa maduka yenye leseni kuuza nyama hiyo. Nunua huko, na utunze stakabadhi yako. Kama duka hilo liko mbali, usihangaike. Tumia nyama ya mbuzi, ya ng'ombe, au ya sungura unayemfuga. Mapishi ni hayo hayo.

Je, ukimkuta nyati au nyumbu amekufa porini? Usimguse, usimchune, wala usimle. Huenda ameuawa na kimeta. Vijidudu vya kimeta hujifunika gamba gumu, na moto wa jikoni hauaminiki kuvimaliza. Kupika si dawa ya kimeta. Mwite bwana mifugo au afisa wanyamapori.

Na wewe unayefuga nguruwe, sikiliza vizuri. Ngiri hubeba virusi vya homa ya nguruwe ya Afrika bila yeye mwenyewe kuugua. Binadamu haugui homa hiyo, lakini ikiingia bandani inaweza kuwamaliza nguruwe karibu wote, na haina tiba. Basi mabaki ya ngiri, mifupa, na hata maji uliyooshea vyombo, visifike kwa nguruwe. Chimba shimo refu ufukie.

Haya, sasa tupike. Tuchukue kilo 1 ya paja la swala. Mnyama huyu anakimbia siku zote, kwa hiyo nyama yake ina mafuta kidogo mno. Nyama ya namna hiyo hukauka upesi motoni. Ndiyo sababu tunailoweka kwanza.

Kata vipande vya kiasi cha sentimita 3. Kata kukingama na nyuzi za nyama, usizifuate. Hapo utakuwa umekwisha punguza ugumu. Tayarisha maji ya malimau 2, punje 5 za kitunguu saumu zilizotwangwa, kipande cha tangawizi kama kidole gumba, vijiko 3 vya mafuta ya kula, pilipili manga kidogo na kijiko kidogo cha chumvi. Changanya na nyama katika bakuli la udongo, la kioo au la plastiki. Usitumie sufuria ya alumini, maana limau linaila na ladha inaharibika.

Kila kitu kina kazi yake. Limau linalainisha nyama kwa juu, chumvi inapenya na kuifanya ishike maji yake, na mafuta yanaizuia isikauke. Funika bakuli. Mwenye jokofu aiache saa 4. Asiye na jokofu aiweke kivulini mahali pa baridi, isizidi saa 2. Usiilaze na limau usiku kucha. Itakuwa laini kama uji kwa nje na ngumu ndani.

Washa makaa, usubiri mpaka yafunikwe na majivu meupe. Miali ya moto inaunguza nje na kuacha ndani mbichi. Tunga nyama kwenye vijiti vya mianzi vilivyolowekwa maji nusu saa. Usichukue kijiti cha mti usioujua, maana mingine ina sumu. Choma ukigeuza geuza, kiasi cha dakika 12 hadi 15. Pasua kipande kimoja kinene. Kama kati bado ni pekundu, rudisha motoni. Na maji uliyolowekea nyama yamwage, usiyapake kwenye nyama iliyokwisha iva.

Nyama ikiwa imeiva, igeukie mboga. Wachina si wageni kwetu. Walijenga pamoja nasi reli ya TAZARA kati ya mwaka 1970 na 1975, na mboga tunayoiita chainizi inabeba jina lao mpaka leo. Siri ya kukaanga kwao ni hii: moto mkali, muda mfupi.

Chukua karoti 2, pilipili hoho 1, kitunguu 1, robo ya kabichi na fungu moja la chainizi. Osha kabla ya kukata, si baada. Kausha maji yote, kisha kata vipande vyembamba vinavyolingana. Kisu na ubao viwe safi, visiwe vile vilivyokatia nyama mbichi.

Tia vijiko 2 vya mafuta katika karai, yapate moto sawasawa. Anza na kitunguu na tangawizi. Tia karoti, geuza dakika 2. Fuatisha hoho na kabichi, dakika 2 tena. Mwisho tia chainizi, dakika 1 tu. Usitie maji, usifunike. Nyunyiza chumvi, au sosi ya soya ukiipata, kisha epua. Mboga iwe bado inalia unapoitafuna.

Kwa nini haraka hivyo? Vitamini C huyeyuka katika maji na huharibika kwa moto wa muda mrefu. Ukichemsha mboga saa nzima na kumwaga maji yake, umemwaga faida. Na vitamini A inayotokana na karoti na majani mabichi inahitaji mafuta kidogo ili mwili uipokee. Watoto wanaihitaji kwa macho yao.

Pakua na ugali au wali, ule ingali moto.

Kwa hiyo, ndugu mkulima, kumbuka mambo matatu. Nyama iwe ya halali na iliyokaguliwa. Nyama ipewe muda mpaka iive hadi ndani. Mboga isikawie motoni. Bustani ndogo nyuma ya nyumba inatosha kukupa karoti, hoho na chainizi. Kwa leo tunakomea hapa. Kazi njema.