Wimbo Bure, Harusi kwa Pesa

Kutoka Ibadakuli, nje kidogo ya mji wa Shinyanga, hadi Katoro mkoani Geita, wimbo mpya wa Kisukuma husambaa kwa kasi. Unapigwa kwenye bodaboda zilizofungwa spika, kwa vinyozi, na kwenye baa za machimboni. Anayeusikiliza halipi chochote. Hata hivyo, waimbaji kama Bhudagala Mwanamalonja na Nyanda Madirisha wamejenga majina makubwa, na vijana wengine wanazidi kubisha hodi studio.

Fedha iko kwenye mwaliko: harusi, ufunguzi wa duka, mkutano wa kampeni, sherehe ya mavuno. Wimbo wenyewe ni tangazo.

Biashara ya namna hii ni ya zamani kuliko umeme. Katika mashindano ya ngoma ya Usukumani, vyama viwili vya wachezaji, Bagika na Bagalu, hucheza siku moja, kila upande na watu wake, na mshindi ni aliyevuta umati mkubwa zaidi. Tiketi hakuna. Ndiyo maana manju, kiongozi wa ngoma, hana budi kubuni vituko: kundi la Bayeye hucheza na nyoka, na lile la Banunguli lilitokana na jadi ya wawindaji wa nungunungu. Sherehe za Bulabo, zinazofanyika Juni huko Bujora, Kisesa, bado huonyesha ushindani huo. Kijana wa leo anayehesabu watazamaji wa YouTube anafanya hesabu ileile ya babu yake.

Kilichobadilika ni chombo. Ibadakuli kuna kituo kikubwa cha umeme kinachopokea njia ya kilovolti 400 kutoka Iringa kupitia Dodoma na Singida, umbali wa kilomita 670. Lakini umeme wa vijijini ulikuja polepole, na kabla yake simu ilipelekwa kibandani kuchajiwa kwa sola. Mwenye kibanda aliyekuwa na kompyuta akaanza pia kujaza nyimbo kwenye memori kadi, kwa malipo madogo yaliyobaki mfukoni mwake. Mwaka 2013 serikali ilianza kubandika stempu za kodi kwenye CD na DVD za muziki na filamu. Ni sahani ambazo wasikilizaji wengi wa vijijini walikuwa tayari wanaziacha.

Sheria ya Hakimiliki Na. 7 ya 1999 iko upande wa msanii, na COSOTA, ofisi ya hakimiliki, ipo. Tatizo ni kwamba kumshitaki mjazaji ni kumfukuza msambazaji asiyedai mshahara. Wasanii wengi wameamua kunyamaza, na kwa hesabu ya biashara, hawakukosea.

Hali hii haiko Usukumani peke yake. Nchini Indonesia, Inul Daratista wa Pasuruan alipata umaarufu wa nchi nzima mwaka 2003 baada ya VCD za magendo kusambaza maonyesho yake ya muziki wa dangdut. Huko nako waimbaji wa jukwaa la harusi hutegemea noti za kutunzwa, na vijana wa Java wanaufuata muziki huo hadi leo.

YouTube imeongeza mlango, ila ni mwembamba: ili kugawiwa mapato ya matangazo, chaneli ya video ndefu inahitaji wafuatiliaji 1,000 na saa 4,000 za kutazamwa ndani ya miezi 12. Mara nyingi chaneli yenyewe si ya mwimbaji bali ya mtu aliyepakia video, kwa hiyo anayevuka kizingiti hicho si lazima awe aliyetunga.

Mapato ya kweli yanafuata kalenda. Pamba huanza kununuliwa Mei, mpunga nao unavunwa, na harusi zinafuatana hadi mvua zinaporudi. Dhahabu haina msimu. Tangu soko la madini la Geita lilipofunguliwa Machi 2019, mchimbaji mdogo anauza kwa mizani inayosimamiwa na serikali, na fedha inaingia mjini mchana kweupe. Mwimbaji mwenye akili hutumia miezi ya kulima kurekodi, kisha anaelekea Kahama na Katoro.

Gharama za studio na video hutangulia mapato, na hapo ndipo wengi hukwama. Wanaovuka mara nyingi hubebwa na mfadhili: mwenye duka la vipuri, mnunuzi wa mpunga, mmiliki wa duara, yaani shimo la dhahabu. Malipo yake ni kutajwa jina ndani ya wimbo, tena mara kadhaa. Namba ya simu ya msanii nayo huandikwa chini ya video, ili anayeoa Julai ajue pa kupiga.