Ukitaka kuuona Uchina kwa miguu, tayarisha magoti kabla ya kamera

MKENYA anayekwenda Uchina, awe mfanyabiashara anayefuata bidhaa Guangzhou, mwanafunzi au mtalii wa kawaida, aghalabu hakubali kurudi nyumbani bila kupigwa picha juu ya Ukuta Mkuu. Wasichokumbuka wengi ni kwamba picha hiyo hutanguliwa na mamia ya vipandio vya mawe, vingine vifupi kama kiganja na vingine vya kufika magotini.

Njia inayopendwa sana siku hizi ya kuona majengo ya kale ya nchi hiyo ni ziara ya miguu ya kundi dogo. Watu sita hadi 12 huandamana na kiongozi mmoja, wakitoka mahali hadi mahali kwa kutembea badala ya kubebwa na basi kubwa. Mjini Beijing ziara kama hii huweza kuchukua siku tatu au nne, na hupitia Mji Uliokatazwa, Kilima cha Jingshan, Hekalu la Mbinguni, vichochoro vya kale viitwavyo hutong na hatimaye Ukuta Mkuu.

Ni mazoezi mazuri. Hata hivyo, mtu ambaye mwendo wake wa kila siku ni kutoka kituo cha matatu hadi kwenye lifti ya afisi anaweza kujikuta akitembea kilomita 12 au 15 kwa siku moja. Shirika la Afya Duniani hupendekeza mtu mzima apate angalau dakika 150 za mazoezi ya wastani kwa wiki. Katika ziara hii utazimaliza dakika hizo kwa siku moja, na mwili ambao haukuzoeshwa utakulipiza usiku huo huo.

Vizingiti vya mfalme

Tuanze na Mji Uliokatazwa, kwa sababu ndipo miguu ya wengi inapoharibikia. Kasri hili lilijengwa kati ya mwaka 1406 na 1420 kwa amri ya Mfalme Yongle wa ukoo wa Ming. Huyu ndiye mfalme aliyepelekewa twiga kutoka Malindi mwaka 1415, wakati merikebu za Zheng He zilipokuwa zikitembelea nchi za Bahari ya Hindi. Kwa hivyo Mkenya anapoingia hapo si mgeni kabisa. Twiga wake alitangulia.

Wafalme 24 waliishi humo hadi utawala wa kifalme ulipoanguka mwaka 1912, na tangu 1925 kasri limekuwa makumbusho. Eneo lake ni hekta 72. Wageni huingia kwa lango la kusini na kutokea lango la kaskazini, umbali wa karibu kilomita moja ukinyoosha. Lakini hakuna anayenyoosha. Kuna nyua za pembeni, kumbi za vito na saa za kale, na mtu huzunguka hadi akasahau alikotoka.

Nyua kubwa za mbele zimesakafiwa kwa mawe matupu na hazina mti hata mmoja. Mwezi wa Julai jua hupiga juu, na mawe yakarudisha joto chini. Joto la Beijing wakati huo hupita nyuzi 30 mara kwa mara, na tarehe 22 Juni 2023 lilifika nyuzi 41.1. Kofia pana na chupa ya maji si mapambo.

Jambo jingine ni vizingiti. Milango mingi ya kale ya Kichina ina kizingiti cha mbao kilichoinuka, na desturi ni kukivuka bila kukikanyaga. Mtu mwenye miguu iliyochoka hajui kwamba hainui unyayo kama alivyokuwa akiinua asubuhi, na hapo ndipo anapojikwaa. Puyi, mfalme wa mwisho, aliamuru baadhi ya vizingiti vikatwe ili apite na baisikeli yake. Mgeni mwenye magoti mabovu ana sababu ya kumshukuru kijana huyo kuliko mwanahistoria.

Ukitoka lango la kaskazini utakutana na Kilima cha Jingshan ng'ambo ya barabara. Kilirundikwa kwa udongo uliochimbwa kwenye handaki la maji linalozunguka kasri. Ni kifupi, mita 45 hivi, lakini unakipanda ukiwa umeshachoka, na viongozi wengi hukiweka mwisho wa siku kwa ajili ya mandhari. Mpe moyo wako dakika 15 za kukaa kwanza. Mapaa ya dhahabu ya kasri hayatahama.

Mahali ambapo mtu wa umri wowote atafurahi bila kuumia ni Hekalu la Mbinguni. Wafalme walikwenda hapo kuomba mavuno mema, na ukumbi wake mkuu wa mviringo, wenye urefu wa mita 38, uliunganishwa kwa mbao bila misumari. Bustani inayolizunguka ni tambarare na ina miti mikongwe. Nenda asubuhi na mapema uwaone wazee wakifanya taijiquan, yale mazoezi ya mwendo wa polepole kama mtu anayesukuma maji. Tafiti nyingi zimeonyesha kuwa mazoezi hayo huwapunguzia wazee hatari ya kuanguka kwa kuwa huimarisha mapaja na kumfundisha mtu kusimama imara kwa mguu mmoja. Wazee hao hawamkatazi mgeni kusimama nyuma yao na kuiga.

Hali kadhalika Kasri la Kiangazi, lenye ujia wa mita 728 ulioezekwa na kuchorwa picha juu ya mihimili yake, ni njia ya raha: kivuli mwanzo hadi mwisho, na viti vya kando. Ukipewa nafasi ya kuchagua kati ya hilo na Mnara wa Ngoma, wenye ngazi kali ya vipandio zaidi ya 60, jiulize magoti yako yanasemaje.

Tembe iliyoachwa hotelini

Kundi nililoandamana nalo kwenda Ukuta Mkuu lilikuwa la watu wanane. Tulikwenda Mutianyu, kiasi cha kilomita 70 kaskazini mwa Beijing, mahali panaposifiwa kwa kuwa na watu wachache kuliko Badaling. Gari la kebo hufikisha watu kwenye mnara wa 14, na kutoka hapo kundi letu lilielekea mnara wa 20, upande ulio na mwinuko mkali zaidi.

Miongoni mwetu alikuwamo mzee mstaafu, Mkenya mwenzetu wa miaka 60 na ushei. Alikuwa mcheshi na mwepesi wa kupiga picha. Tulipokaribia mnara wa 18 kiongozi, msichana wa makamo ya mwanangu, alinong'ona kwamba mzee hajainua kamera tangu mnara wa 16. Tulipogeuka alikuwa ameshika ukuta kwa mikono miwili.

"Mzee, hebu keti kidogo," nikamwambia.

"Mimi si mgonjwa, kijana. Ni jua tu," akajibu, lakini aliketi, na kichwa kilikuwa kinamuuma kwa siku ya pili.

Baada ya kuulizwa kwa upole ndipo ilipobainika. Alikuwa akitumia tembe mbili za shinikizo la damu. Moja ilikuwa ya kupunguza maji mwilini, ile inayomfanya mtu aende msalani mara kwa mara. Kwa kuhofia kuwachelewesha wenzake, alikuwa ameiacha hotelini kwa siku tatu. Kwa hofu hiyo hiyo hakuwa akinywa maji. Aliteremshwa kwa gari la kebo hadi hospitali, shinikizo likapatikana liko juu sana, na siku mbili zilizofuata alizimaliza kitandani. Alipona. Ingaliweza kuwa kiharusi.

Katika basi la watu 40 linaloongozwa kwa bendera na kipaza sauti, sidhani kama kuna mtu angaligundua kamera iliyolala kifuani. Hii ndiyo faida halisi ya kundi dogo, na ndiyo inayostahili kulipiwa pesa za ziada. Lakini kiongozi hawezi kusaidia asichokijua. Mweleze siku ya kwanza, faraghani ukipenda, kama una maradhi ya moyo, shinikizo la damu, kisukari, pumu au kifafa. Mwulize pia maswali ya wazi: leo ni kilomita ngapi? Vipandio vingapi? Vyoo viko wapi? Nikichoka kuna njia ya kurudi? Juu ya ukuta vyoo ni haba, kwa hivyo tumia vile vya chini kabla ya kupanda. Vingi ni vya kuchuchumaa, na karatasi uende nayo.

Ama kuhusu tembe za aina hiyo, usiziache wala usibadili saa zake kwa uamuzi wako. Mwone daktari kabla ya safari umweleze utakuwa unatembea mchana kutwa. Kuna wagonjwa wanaoweza kupangiwa saa nyingine ya kuzimeza.

Maandalizi ya wiki sita

Wakazi wa Nairobi wana bahati moja. Mji wao uko kiasi cha mita 1,700 juu ya bahari, nayo Beijing haifiki hata mita 100. Ukihema Ukutani usisingizie hewa nyepesi. Ni miguu.

Anza kujizoesha wiki sita kabla. Tembea nusu saa kwa siku, uongeze hadi saa mbili mwishoni mwa wiki, katika Msitu wa Karura au vilima vya Ngong. Anayeishi Mombasa, ambako kilima ni kitu cha kutafutwa, atumie ngazi za jengo refu. Jambo la muhimu ni kujizoesha kushuka. Kupanda huchosha moyo na mapafu, lakini kushuka ndiko kunakoumiza, kwa sababu misuli ya paja hufanya kazi ya kuzuia uzito wote huku ikinyooka, na goti hubeba zaidi ya uzito wa mwili. Maumivu yake huja siku ya pili. Ngazi kali ishuke upande upande, mkono ukutani, na fimbo kama unayo.

Viatu vipya ni adui. Raba ulizozivaa kwa mwezi mzima, zenye soli ya kushika, ni bora kuliko za duka la jana. Beba soksi za kubadili adhuhuri, maana soksi yenye jasho ndiyo inayoleta malengelenge. Mwenye kisukari akague nyayo zake kila jioni, hata katikati ya vidole, kwani anaweza kuwa na kidonda asikihisi.

Majira yana maneno yake. Aprili na Mei hali ya hewa ni nzuri, ila kuna vumbi la jangwani siku nyingine, na miti hutoa manyoya meupe yanayopeperuka mitaani kama sufi. Wenye pumu wasiiache hotelini dawa yao ya kuvuta. Septemba na Oktoba ndiyo miezi ya kupendeza, lakini epuka wiki ya kwanza ya Oktoba, wakati Wachina wenyewe wako likizo na msongamano hauna mfano. Januari ni baridi ya kugandisha maji.

Maji ya mfereji hayanywewi bila kuchemshwa. Wachina wenyewe hunywa maji ya moto kutwa, na thamosi ndogo ni rafiki mwema. Wenye shinikizo la damu wakumbuke kwamba sosi ya soya ina chumvi nyingi, na supu pia. Anayedhurika na njugu aandikiwe hilo kwa Kichina kwenye kadi, kwa sababu mafuta ya njugu hutumika katika mapishi mengi.

Dawa zote ziwe kwenye mkoba wa mkononi, katika pakiti zake, pamoja na barua ya daktari inayotaja jina halisi la dawa na si jina la kampuni pekee. Uchina iko mbele ya Kenya kwa saa tano, na wanaojidunga insulini wapangiwe ratiba mpya kabla ya kuondoka. Ndani ya ndege, safari ikipita saa nne, simama utembee kila baada ya muda, kwani kukaa muda mrefu huweza kugandisha damu miguuni. Usisahau kitabu cha chanjo ya homa ya manjano. Nambari ya kuitia ambulensi huko ni 120.

Kuna jambo moja ambalo vitabu vya watalii wa Ulaya havitakuambia, kwa sababu haliwahusu. Uchina ilitangazwa na Shirika la Afya Duniani kuwa nchi isiyo na malaria mwaka 2021. Daktari kijana wa Beijing huenda hajawahi kumwona mgonjwa wa malaria maishani mwake. Mkenya aliyetoka Kisumu au Kilifi wiki mbili zilizopita akishikwa na homa, kutetemeka na maumivu ya viungo, anaweza kudhaniwa kuwa ana mafua au uchovu wa kutembea, akapewa tembe za kutuliza maumivu na kurudishwa hotelini. Malaria kali huua kwa siku chache. Mwambie daktari, kabla hajauliza, kwamba umetoka sehemu yenye malaria na lini, na uombe damu yako ipimwe siku hiyo hiyo. Mwache kiongozi wa ziara atafsiri.