Kiatu Mezani: Funzo la Ucheshi wa Chaplin

Miongoni mwa wageni wanaotajwa katika historia ya Treetops, hoteli iliyofunguliwa juu ya mti mwaka wa 1932 katika msitu wa Aberdare karibu na Nyeri, yumo Charlie Chaplin. Kwetu sisi tunaojifunza sanaa ya filamu katika miji ya Mlima Kenya, jina hilo halikosi kutukumbusha The Gold Rush, filamu yake isiyo na sauti ya mwaka wa 1925.

Kiini cha filamu hii ni njaa. Watafutaji dhahabu wawili wamezingirwa na theluji, chakula kimekwisha. Chaplin anachemsha kiatu chake. Anakikata kama nyama ya sikukuu, anazungusha kamba zake kwenye uma kama tambi, kisha anafyonza misumari kana kwamba ni mifupa ya kuku.

Je, tunacheka nini? Hatucheki umaskini wake, bali adabu anayoishikilia mezani. Vichekesho vyetu vingi huegemea lafudhi ya kabila fulani au ushamba wa mwanakijiji. Mtazamaji hucheka huku akimdharau mwenzake. Chaplin, aliyekulia katika ufukara jijini London, aliijua njaa, wala hakumkejeli mwenye njaa.

Basi mtunzi chipukizi wa Karatina au Nanyuki na ajiulize: mhusika wangu anapigania heshima gani? Akilipata jibu, kicheko kitakuja chenyewe, tena bila kumwumiza mtu.