Saladi Baridi ya Makaroni Yenye Ladha ya Sandwichi: Upishi na Usalama Wake

Mwaka 2003, nchini Ubelgiji, familia moja iliandaa saladi ya makaroni siku ya Ijumaa na kuichukua mandarini siku ya Jumamosi. Mabaki yakarudishwa nyumbani na kuwekwa kwenye jokofu. Jumatatu jioni watoto watano wa familia hiyo wakapewa mabaki hayo kuwa chakula cha usiku, na baada ya saa chache wakaanza kuugua. Binti wa miaka 7, aliyekuwa mdogo wao, alifariki dunia saa 13 baada ya mlo, ini lake likiwa limeshindwa kufanya kazi. Jokofu lilipopimwa lilikutwa na nyuzi joto 14, ilhali chakula kilichopikwa hutakiwa kuhifadhiwa chini ya nyuzi joto 5. Kisa hicho kiliandikwa katika jarida la kitabibu mwaka 2005, na hadi leo hutumika kuwafundisha wataalamu wa usalama wa chakula.

Huenda ikaonekana ni ukatili kuanza makala ya upishi kwa msiba. Hata hivyo, saladi hii ni chakula kizuri, rahisi na chenye manufaa, na hatari yake karibu yote imo katika hatua moja ambayo vitabu vingi vya mapishi huipita kwa maneno mawili: «acha ipoe».

Asili ya saladi inayozungumziwa hapa ni sandwichi ndefu iliyoenezwa na wahamiaji wa Kiitalia katika miji ya kaskazini-mashariki mwa Marekani. Philadelphia huiita hoagie, New York huiita hero, na majimbo ya New England huiita grinder. Jina hubadilika lakini kilichomo ni kimoja: mkate mrefu uliojazwa nyama zilizokolezwa chumvi na kukatwa vipande vyembamba, jibini, nyanya, vitunguu, majani ya saladi na pilipili za kwenye siki, kisha kunyunyiziwa mafuta, siki na oregano. Wapishi wa nyumbani wakaondoa mkate, wakaweka makaroni mahali pake, na mjazo ule ule ukawa chakula cha bakuli. Kwa mlaji wa pwani ya Afrika Mashariki aliyezoea tambi za sukari na nazi, makaroni baridi yenye siki yanaweza kuonekana kioja. Lakini aliyekwisha kula kachumbari pamoja na pilau hatapata taabu kuielewa ladha yake.

Chakula hiki kinawafaa hasa watu wanaokula mbali na jiko: muuguzi wa zamu ya usiku, mwanafunzi, mama anayemlinda mgonjwa wodini. Hakihitaji kupashwa moto, na ladha yake huwa bora baada ya kukaa saa mbili au tatu kwenye jokofu, siki inapokuwa imeingia ndani ya makaroni.

Jambo la kwanza la kurekebisha katika saladi ya asili ni nyama. Salami, hamu na soseji za aina hiyo hubeba chumvi nyingi. Gramu 50 tu za salami zinaweza kuwa na takriban gramu 2 za chumvi. Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima asizidishe gramu 5 za chumvi kwa siku nzima, na bado hapo jibini na mboga za kwenye siki hazijahesabiwa. Mwaka 2015 taasisi ya shirika hilo inayochunguza saratani iliziweka nyama zilizosindikwa katika kundi la vitu vilivyothibitishwa kusababisha saratani kwa binadamu, hususan saratani ya utumbo mpana. Mtu anayekula vipande viwili katika sherehe hana sababu ya kushikwa na hofu. Anayebeba saladi hii kazini kila siku yuko katika hali nyingine, na ni yeye anayepaswa kutafuta mbadala.

Ipo pia sababu ya pili, inayowahusu zaidi wajawazito, wazee na watu wenye kinga dhaifu. Bakteria aitwaye Listeria ana tabia isiyo ya kawaida ya kuendelea kukua hata ndani ya jokofu, na nyama baridi zilizo tayari kuliwa ni mojawapo ya makazi yake. Mwaka 2017 na 2018 Afrika Kusini ilipata mlipuko mkubwa wa ugonjwa huo: watu zaidi ya 1,000 waliugua na zaidi ya 200 walifariki, wakiwemo watoto wachanga wengi. Chanzo kilibainika kuwa poloni, soseji laini inayoliwa bila kupikwa tena. Mjamzito anayetamani saladi hii basi atumie kuku aliyepikwa nyumbani siku hiyo hiyo, mayai yaliyochemshwa hadi kiini kikaganda, au maharage, pamoja na jibini gumu lililotengenezwa kwa maziwa yaliyochemshwa kitaalamu kiwandani.

Kwa walaji watano, makaroni makavu gramu 250 yanatosha. Yanayofaa ni mafupi, yenye mikunjo au yaliyosokotwa, kwa kuwa mikunjo hiyo hushika mchuzi wa siki. Yachemshwe katika maji lita 2 na nusu yenye kijiko kimoja cha chai cha chumvi, kwa muda ulioandikwa kwenye pakiti na dakika moja zaidi, kwani makaroni yakipoa hukaza. Wakati yanachemka, kuku gramu 200 aliyekwisha kuiva na kupozwa akatwe vipande vidogo vinavyolingana na makaroni. Jibini gramu 60, tango moja, pilipili hoho moja na nyanya mbili zilizotolewa mbegu zikatwe kwa kipimo hicho hicho. Ulinganifu huo ndio unaoibeba ladha ya sandwichi, maana kila uma unapoingia bakulini hutoka na kidogo cha kila kitu. Kitunguu maji kikatwe vipande vyembamba na kulowekwa kwenye maji baridi dakika kumi ili ukali upungue.

Mchuzi wake ni vijiko vinne vya chakula vya mafuta ya zeituni au ya alizeti, vijiko viwili vya siki, punje moja ya kitunguu saumu iliyopondwa, kijiko cha chai cha oregano kavu, haradali kidogo na pilipili manga. Chumvi haihitajiki, kwa sababu jibini linayo ya kutosha. Majani ya saladi huongezwa mwishoni kabisa, mlaji anapoketi, yasije yakanywea. Apendaye kukumbuka mkate anaweza kukata kipande kimoja cha mkate wa ngano isiyokobolewa, kukikausha kwenye kikaango bila mafuta, na kukitawanya juu.

Mboga zote hizi huliwa mbichi. Zioshwe kwa maji safi yanayotiririka, kisha zisuuzwe kwa maji yaliyochemshwa na kupozwa pale ambapo maji ya bomba hayaaminiki. Kanuni hiyo inayahusu hata maji ya kupozea makaroni, na hapo ndipo wapishi wengi hukosea: huyachemsha makaroni dakika kumi, wakayachuja, kisha wakayamiminia maji ya ndoo.

Sasa kuhusu kupoza. Nafaka na unga wake mara nyingi huwa na bakteria aitwaye Bacillus cereus katika umbo la spora, yaani mbegu ngumu zinazostahimili kuchemshwa. Moto wa jikoni huua vijidudu vingine na kuziacha spora hizo zikiwa hazina mshindani. Sufuria ya makaroni ikiachwa mezani, joto lake hushuka polepole na kupita katika kiwango kinachozifaa spora kuchipua na bakteria kuzaliana. Baadhi ya bakteria hao hutoa sumu iitwayo sereulidi. Sumu ikishatengenezwa, kupasha moto hakusaidii kitu, kwa sababu haiharibiwi na kuchemka wala na tindikali ya tumbo. Siki huwapunguza kasi bakteria, lakini haifiki sawasawa katikati ya kila kipande cha makaroni, wala haiondoi sumu iliyokwishatokea.

Kwa hiyo makaroni yakichujwa tu, yasuuzwe kwa maji baridi yaliyo salama na kutandazwa kwenye sinia pana, tabaka lisizidi sentimita mbili au tatu, yakichanganywa na kijiko kimoja cha mafuta yasigandane. Namna hiyo joto huondoka upesi. Kisha yachanganywe na vitu vilivyokwisha kuwa baridi na kuingizwa kwenye jokofu katika vyombo vidogo vyenye kina kifupi. Beseni moja kubwa lililojaa hukaa na uvuguvugu katikati kwa saa nyingi, hata kama ukingoni limekuwa baridi kabisa. Chakula kilichopikwa kisikae nje zaidi ya saa mbili kwa jumla, na katika miji ya joto kama Dar es Salaam au Mombasa ni busara kuukaribia muda wa saa moja. Umeme ukikatika, jokofu lisilofunguliwa hutunza ubaridi kwa takriban saa nne. Zaidi ya hapo saladi hii haifai kuokolewa.

Anayeibeba kazini aiweke kwenye mfuko wenye chupa ya maji yaliyogandishwa. Kabati la nguo wodini si mahali pa kuhifadhia chakula, hata kama kifuniko cha chombo kimefungwa barabara.

Mgonjwa wa kisukari ataridhika kusikia kwamba makaroni yakipoa, sehemu ndogo ya wanga wake hubadilika na kuwa ngumu kumeng'enywa, hivyo sukari ya damu inaweza kupanda kwa kasi ndogo kidogo. Tofauti hiyo ni ndogo, na haimpi ruhusa ya kujaza bakuli. Kiasi cha kikombe kimoja cha makaroni, mboga zikiwa nyingi kuliko makaroni na kuku akiwa wa kutosha, kinafaa kwa wengi. Mwenye ugonjwa wa figo aliyeagizwa kupunguza potasiamu aulize kwanza kuhusu nyanya na maharage.

Kwa mhudumu wa afya, mgonjwa anayetapika ghafla kati ya nusu saa na saa sita baada ya kula makaroni au wali uliolala anastahili kuulizwa chakula kilipikwa lini na kilikaa wapi. Wengi hupona ndani ya siku moja kwa kunyweshwa maji yenye chumvi na sukari ya kuongeza maji mwilini, kidogo kidogo. Antibiotiki haziondoi sumu iliyokwisha kuliwa. Mtoto anayesinzia kupita kawaida, anayepumua kwa shida, mwenye sukari ya damu iliyoshuka au macho ya manjano asirudishwe nyumbani. Apimwe ini na kupelekwa haraka kwenye hospitali yenye uwezo wa kumhudumia. Ndugu zake walioshiriki chakula hicho waitwe pia, hata kama bado hawajaanza kutapika, na mabaki yatunzwe kwenye chombo safi kilichofunikwa, katika ubaridi, kwa ajili ya maabara.

Saladi iliyopozwa na kuhifadhiwa vema huliwa siku ya kupikwa na siku inayofuata. Ikishindwa kwisha kufikia hapo, imwagwe bila kuonjwa, kwa kuwa sereulidi haina harufu wala ladha ya kumwonya mlaji.