Sauti Zilizofumbwa: Faili Kongwe za Matangazo na Utafiti wa Matamshi

Mtafiti wa lugha anayetaka kusikiliza matangazo ya redio yaliyohifadhiwa katika tarakilishi tangu mwaka wa 1995 hadi miaka ya mwanzo ya karne hii huenda akakuta faili ambazo majina yake yanaishia kwa herufi ra, rm au ram, na ambazo mashine yake inakataa kuzifungua. Makala haya yanakusudia kueleza asili ya tatizo hilo, na pia kwa nini aliyefanikiwa kuzifungua asiharakishe kuyaamini masikio yake.

Faili hizo zilitokana na RealAudio, mfumo uliotolewa mwaka wa 1995 na kampuni ya Progressive Networks ya Seattle, Marekani, ambayo mwaka wa 1997 ilibadili jina ikaitwa RealNetworks. Kabla ya hapo, aliyetaka kusikiliza sauti kupitia intaneti kwa kawaida alilazimika kungoja faili nzima imfikie. RealAudio ilimwezesha kusikiliza huku sauti ikiendelea kuwasili, kama maji yatiririkayo mferejini. Ndipo tukapata utangazaji wa mtiririko. Mashirika mengi, BBC ikiwa mojawapo, yaliutumia mfumo huo kwa miaka mingi.

Mfereji wenyewe, hata hivyo, ulikuwa mwembamba mno. Modemu nyingi za wakati ule zilipitisha biti 14,400 au 28,800 kwa sekunde, ilhali sauti ya CD huhitaji zaidi ya 1,400,000. Ilibidi basi sauti ifumbwe. Fumbo la kwanza la RealAudio liliigawa sauti katika vipande vya milisekunde 20, kila kipande kikaelezwa kwa baiti 20 tu. Kilichohifadhiwa si wimbi lenyewe, bali ni maelezo ya jinsi ya kuliunda upya.

Kila fumbo huhitaji mfumbuzi. Katika tarakilishi kazi hiyo hufanywa na faili ya maktaba, yaani mkusanyiko wa maagizo usiojiendesha wenyewe, bali huitwa na programu nyingine inapouhitaji. (Neno maktaba limekopwa hapa kwa uhuru kidogo: humo hamna kitabu, wala msomaji ila mashine.) Katika Windows, fumbo liitwalo Cook lilifumbuliwa na faili cook3260.dll, ambayo nayo iliitegemea pncrt.dll. Ikikosekana mojawapo, hapasikiki kitu. Kwa bahati njema, watungaji wa programu wa mradi wa FFmpeg, ulioanza mwaka wa 2000, wameyaingiza mafumbo mengi ya RealAudio katika maktaba yao iitwayo libavcodec, ambayo iko wazi kwa yeyote. Faili za ram hazina dawa hiyo. Kwa kawaida ndani yake mna mstari mmoja tu wa anwani ya mahali sauti ilipowekwa. Aliyeitunza ram akidhani ametunza hotuba ametunza njia ya kwendea nyumba ambayo pengine imekwisha bomolewa.

Sasa tuje kwenye jambo linalotuhusu zaidi sisi tunaochunguza matamshi. Mafumbo mawili ya mwanzo ya RealAudio yalipima sauti mara 8,000 kwa sekunde, na kwa kanuni ya upimaji hapawezi kubaki chochote kilichozidi hezi 4,000. Irabu zetu tano husalimika, kwa maana mialiko inayozitofautisha iko chini ya kiwango hicho. Konsonanti za mkwaruzo ndizo ziumiazo. Nguvu nyingi za /s/ ziko juu ya hezi 4,000; zikikatwa, sauti hiyo huikaribia /th/, ambayo kwa tabia yake ni hafifu. Msikilizaji wa kawaida hatababaika, kwani muktadha utamwambia kama ni thamani au samani, dhana au zana. Lakini mtafiti anayehesabu matamshi, akiandika kwamba wasemaji wa mahali fulani hawatofautishi sauti hizo, aweza kuwa anawasingizia watu kosa la mashine. Hali ni hiyo hiyo kwa mpumuo wa Kimvita, unaomtenga paa mnyama na paa la nyumba: ni pumzi ya muda mfupi sana, na haitazamiwi kutoka salama katika vipande vya milisekunde 20.

Kuihamishia faili katika WAV, kama inavyoshauriwa mara nyingi, huiwezesha kusikika bila ya kurejesha kilichotupwa. Tena kuna hatari hapa, kwani WAV haimwambii aipokeaye kwamba ilipitia fumbo. Kwa hiyo faili asilia isifutwe, na jina la fumbo liandikwe kando ya jina la msemaji na tarehe, maana mafumbo ya baadaye yalikuwa mapana zaidi na hayafai kuhukumiwa pamoja na yale ya kwanza. Pasipo maandishi hayo, mtafiti aitazame spektrogramu kabla ya kupima lolote: hata ikiwa faili yajidai kuwa na vipimo 44,100 kwa sekunde, ataona weusi wote umekoma ghafla kwenye hezi 4,000, na juu yake karatasi ni nyeupe.