Mkongo Hulindwa Chembani

Watu wengi wakisikia habari za mkongo huwaza bahari: SEACOM uliofika pwani yetu mwaka 2009, kisha EASSy mwaka 2010. Ni kweli, sehemu kubwa ya intaneti yetu huingilia huko. Lakini kazi yangu mimi ni ya nchi kavu, mitaroni Sinza, Temeke na Mbagala, na kazi hiyo imenifundisha jambo moja: uzima wa intaneti ya nyumbani kwako huamuliwa ndani ya chemba, yale mashimo yenye mifuniko ya zege au chuma unayoyapita kando ya barabara kila siku.

Ndani ya mkongo mna nyuzi za kioo. Kila uzi una unene wa mikromita 125, kadiri ya unywele mnene, na mwanga hupita kwenye kiini chake cha mikromita 9 tu. Kioo hicho ni safi ajabu. Mwanga ukishasafiri kilomita 15, karibu nusu yake bado ipo. Kwa hiyo umbali hautusumbui sana. Kinachotusumbua ni kuvuta kupita kiasi, kukunja vibaya na uchafu.

Tukishapata kibali cha kupita kwenye hifadhi ya barabara, huanza na mashimo machache ya kupima, yanayochimbwa kwa mkono. Chini kuna mabomba ya maji na nyaya za umeme, na si zote zimo kwenye ramani. Kisha mtaro hushuka karibu mita moja. Tunatandika mchanga, tunalaza bomba la plastiki ngumu, tunafukia kiasi, tunapitisha utepe wa tahadhari, halafu tunamalizia kufukia. Utepe ule tunamwekea mtu atakayechimba hapo miaka ijayo, ili sululu yake ikutane nao kabla ya kukutana na mkongo.

Chemba hukaa penye kona kali, pande mbili za barabara inayokatizwa, na katikati ya masafa marefu. Kwa msuguano wa kawaida ndani ya bomba, kona moja ya digrii 90 huongeza nguvu ya kuvuta kwa karibu nusu. Kona ya pili huongeza nusu nyingine juu ya ile iliyokwisha kuongezeka. Zikifika tatu, nguvu imeshapita mara tatu. Mikongo mingi ya ardhini imetengenezwa kuvumilia nyutoni kama 2,700, yaani uzito wa kilo 270 hivi. Ukipita hapo, nyuzi huweza kuumia ndani huku ganda la nje likionekana zima kabisa. Ndiyo maana safari tunaikatiza chembani. Mkongo wote hutolewa juu, hulazwa chini kwa umbo la namba nane ili usijisokote, kisha huvutwa upya kuelekea chemba inayofuata.

Siku ya kuvuta, kijana mmoja hukaa penye gurudumu la mkongo akiuingiza kwa mkono, mwingine yuko upande wa kamba, wanaongea kwa simu muda wote: “Vuta. Taratibu. Simama!” Bombani tunapaka kilainishi maalumu. Oili ya gari ni marufuku, maana hudhuru ganda.

Majirani nao huuliza. Temeke, mama mmoja muuza samaki alisogeza karai lake akatuangalia kwa wasiwasi.

“Shikamoo, mama.”

“Marahaba, mwanangu. Hiyo waya yenu haitatupiga shoti?”

“Haina umeme, mama. Ndani ni kioo, kinapitisha mwanga tu.”

Nikamwomba vilevile awakataze watoto kuchungulia ncha iliyokatika, kwa sababu mwanga ule hauonekani lakini unaweza kudhuru jicho.

Mkongo ukishafika, kazi ya chembani huanza. Kwanza ni akiba: tunaacha mita kadhaa za ziada, tumezizungusha kwa duara pana na kuzifunga ukutani. Siku jointi, yaani boksi linalotunza viungo vya nyuzi, ikihitaji matengenezo, akiba hiyo ndiyo itakayoifikisha juu, mezani, penye kivuli. Kisha ni kuunga. Nyuzi hufuata mpangilio wa rangi: bluu, chungwa, kijani, kahawia, na kuendelea hadi kumi na mbili. Kila uzi humenywa, hufutwa kwa spiriti, hukatwa ncha iwe bapa, halafu mashine huyeyusha ncha mbili kwa cheche ya umeme zikawa kitu kimoja. Kiungo kizuri hupoteza chini ya desibeli 0.1, kipimo tunachotumia kwa upotevu wa mwanga. Mwisho, jointi hufungwa isipitishe maji, kwani masika chemba nyingi za Dar es Salaam hujaa hadi juu.

Kutoka hapo mkongo mwembamba huenda kwenye boksi la kugawia, nguzoni au ukutani. Humo uzi mmoja unaweza kuhudumia nyumba 32. Mitambo mingi ya majumbani huruhusu upotevu wa desibeli 28 kwa jumla, na kigawanyio cha nyumba 32 peke yake hula kama 17. Zinabaki 11 za njia nzima, viungo vyote na vumbi lote. Mkunjo mmoja mkali chembani, au ncha moja yenye alama ya kidole, unaweza kumaliza kilichobaki. Hapo mteja ataona intaneti inakatikakatika, na atalaumu kila kitu isipokuwa chemba.

Kwa hiyo vijana wanaoingia kwenye fani hii nawasihi: wekeni lebo kwenye kila mkongo, acheni akiba, zungusheni duara pana. Fundi atakayefungua chemba hiyo usiku wa mvua hammfahamu, lakini anategemea mikono yenu.

Kwa wakazi nina ombi pia. Mkongo hauna shaba, na anayeukata kwa kutafuta shaba huambulia plastiki na kioo huku mtaa mzima ukikosa mawasiliano. Mfuniko ulioibwa na kuuzwa kama chuma chakavu huacha shimo la kumvunja mtoto mguu. Ukiona chemba iko wazi, mwambie mwenyekiti wa mtaa siku hiyohiyo. Na ukitaka kuchimba msingi au kuvuta maji karibu na barabara, uliza kwanza nini kimepita chini.