Dereva Asifanywe Utingo

Wakazi wa Mwanjelwa hawana haja ya kukumbushwa msimu wa 2013/14. Mbeya City, timu ya Halmashauri ya Jiji, ilicheza Ligi Kuu kwa mara ya kwanza ikashika nafasi ya tatu, nyuma ya Azam na Yanga, mbele ya Simba. Mwalimu wake alikuwa Bwana Juma Mwambusi, mwananchi mwenzetu.

Mwaka 2015 Yanga walimwita, lakini awe msaidizi wa Hans van der Pluijm, Mholanzi. Msimu huo wakatwaa ubingwa. Kujifunza kwa mgeni si aibu. Hata hivyo, dereva aliyekwisha kulipandisha lori Mlima Nyoka haifai kumfanya utingo. Mcheza kwao hutunzwa. Vilabu vyetu na viwatunze walimu wazalendo kwa kuwapa usukani, pamoja na muda wa kuushika.